Kompyuta kuukuu, diski za PlayStation ya kwanza na kadi ya picha ambayo huihitaji

Swali la msomaji:

"Habari za kazi, mtaalamu. Niko Dodoma mjini. Nilinunua kompyuta ya mezani iliyokwishatumika, Dell OptiPlex 7010 ya kasha jembamba, prosesa Core i5-3470, RAM GB 8, Windows 10, na haina kadi ya picha ya peke yake. Ninazo diski zangu za PlayStation ya kwanza nilizozitunza, pamoja na mashine yenyewe iliyoandikwa SCPH-7502, ila haisomi tena CD. Ninataka wanangu wawili wacheze gemu nilizocheza mimi. Niliweka DuckStation, ambayo ni emuleta (programu ya kuigiza mashine ya PlayStation ndani ya kompyuta), ikasema haikupata BIOS. Jirani akanipa faili la BIOS, gemu ikafunguka, lakini inakwamakwama na sauti inakwaruza. Ukubwa wa picha niliuweka mara nane kama nilivyoona kwenye video moja. Nikichagua Vulkan haifunguki kabisa. Gemu nyingine niliinakili kuwa faili la ISO, inacheza vizuri ila haina muziki. Fundi ananishauri ninunue kadi ya picha ya laki mbili na nusu. Jirani anayo pia flashi ya 'gemu elfu moja', lakini antivairasi inaikataa. Mdogo wangu anasema tukifanikiwa tuiweke kwenye kibanda chake tulipishe watoto. Je, ninunue hiyo kadi? Na je, mambo haya ni halali?"

Jibu:

Ndugu msomaji, usinunue kadi hiyo. Ninaanza na hili kwa sababu ndilo linaloweza kukugharimu fedha wiki hii, na mengine yote yanaweza kusubiri nikueleze taratibu. Hofu yako, kama ninavyoielewa, ni kwamba umenunua kompyuta dhaifu na kwamba kila dalili unayoiona ni ushahidi wa udhaifu huo. Nimesoma maelezo yako kwa makini na sioni kompyuta dhaifu. Ninaona matatizo manne yasiyohusiana, yaliyotokea siku moja na kwa hiyo yakaonekana kama ni tatizo moja: ukubwa wa picha uliopitiliza, njia ya kuchora picha ambayo mashine yako haiijui, nakala ya diski isiyokamilika, na suala la BIOS, yaani programu ya Sony inayoiamsha mashine. Hakuna hata moja kati ya hayo linalohitaji kadi ya laki mbili na nusu.

Ili uone kwa nini ninasema hivyo, ni vizuri uelewe kazi inayofanywa na emuleta. PlayStation ya kwanza ilitoka Japani tarehe 3 Desemba 1994. Ndani yake mlikuwa na prosesa ya aina ya R3000A yenye mwendo wa takriban megahezi 34, kumbukumbu kuu ya megabaiti 2 na kumbukumbu ya picha ya megabaiti 1. Prosesa yako ina viini vinne vinavyokwenda kwa gigahezi 3.2, yaani karibu mara mia moja ya mwendo ule kwa kila kiini. Hata hivyo, prosesa ya Intel haielewi hata amri moja iliyoandikwa kwa ajili ya R3000A. Emuleta inakaa katikati kama mkalimani kati ya mzee anayezungumza Kigogo pekee na mgeni asiyekijua: kila sentensi lazima ipokewe, ieleweke na itamkwe upya, na kazi hiyo hula muda mwingi kuliko mazungumzo yenyewe. Ndiyo maana mashine ya megahezi 34 haiigizwi na kompyuta ya megahezi 34. Lakini kwa PlayStation ya kwanza, prosesa yako ina nguvu ya kutosha kwa ukalimani huo na nyingine ikabaki.

Jambo ambalo watu wengi hawalifikirii ni kwamba emuleta haitafsiri amri tu, bali inatunza saa pia. Katika mashine halisi, sehemu ya picha, sehemu ya sauti, kisomeo cha CD na prosesa vilikwenda pamoja, na waandishi wa gemu walitegemea mpangilio huo hadi sehemu ndogo sana ya sekunde. Sauti ya PlayStation hutolewa kwa sampuli 44,100 kila sekunde. Emuleta hutengeneza sampuli hizo mapema kidogo na kuziweka kwenye akiba ndogo, kisha spika huzichukua kutoka hapo bila kusubiri. Emuleta ikichelewa, hata kwa sehemu ndogo ya sekunde, akiba inakauka, spika inakosa cha kucheza, na ndipo unaposikia mkwaruzo. Kwa hiyo mkwaruzo unaousikia hautokani na spika wala mipangilio ya sauti, bali ni tangazo kwamba kazi nyingine imechelewa. Ukiongeza ukubwa wa akiba ya sauti, kama wengi wanavyoshauri haraka haraka, mkwaruzo utapungua, lakini sauti itaanza kuja nyuma ya vitendo: mtoto atabonyeza, mchezaji atapiga mpira, na mlio utafuata baadaye. Tafuta kwanza kinachochelewesha.

Katika hali yako, mchelewashaji mkubwa ni ile "mara nane". Gemu nyingi za PlayStation zilichora picha ya takriban pikseli 320 kwa 240, ambazo ni pikseli 76,800. Ukizidisha mara nane, unazidisha upana mara nane na urefu mara nane, na matokeo ni 2,560 kwa 1,920, yaani zaidi ya pikseli milioni 4.9. Hiyo ni kazi mara 64 na si mara nane. Sehemu ya picha iliyomo ndani ya prosesa yako, Intel HD Graphics 2500, iliundwa kwa ajili ya kazi za ofisini, na mzigo huo inauona mzito. Na kwa faida gani? Kama skrini yako ni ya kawaida ya pikseli 1,920 kwa 1,080, haiwezi hata kuonyesha picha hiyo yote, inaishia kuipunguza tena. Aliyetengeneza video uliyoitazama bila shaka alikuwa na mashine ya aina nyingine. Rudisha kipimo kuwa mara mbili, cheza dakika kumi, kisha jaribu mara tatu. Mara tatu ni pikseli 960 kwa 720, na picha hiyo inajaza skrini yako vizuri kuliko televisheni yoyote uliyochezea zamani.

Suala la Vulkan ni fupi. Vulkan ni njia mojawapo ya programu kuwasiliana na sehemu ya picha, na kwenye Windows, Intel haikutoa kiendeshaji cha Vulkan kwa prosesa za kizazi cha tatu kama yako. Hakuna kilichoharibika. Chagua Direct3D 11, ambayo sehemu yako ya picha inaielewa, na usirudi tena huko.

Sasa nirudi kwa fundi na kadi yake, kwa sababu sitaki nionekane kuwa ninamdharau. Kwa gemu za kisasa ushauri wake una mantiki. Ila kompyuta yako ina kasha jembamba, na kasha hilo hupokea kadi fupi za nusu kimo pekee. Vilevile kisambaza umeme cha aina hiyo ya kasha ni cha wati 240, na hakina waya wa ziada wa kulisha kadi kubwa. Kadi nyingi zinazouzwa madukani kama zilizotumika ni za kimo kamili, na utafika nayo nyumbani ugundue kwamba mfuniko haufungi. Hata kama ungetaka baadaye kuigiza PlayStation 2, ambayo ilitoka Machi 2000 na ni mashine ngumu zaidi kuigiza, katika gemu nzito prosesa yako ya mwaka 2012 ndiyo ingeanza kuchoka, na kadi mpya isingeiokoa. Laki mbili na nusu kwa jambo hili ni fedha iliyopotea.

Baada ya kupunguza picha, kama bado kuna kukwama, kuna mambo mawili ya kuangalia kabla ya kulaumu kitu kingine. La kwanza ni mpangilio wa matumizi ya umeme ndani ya Windows. Kompyuta za ofisini mara nyingi huuzwa zikiwa zimewekwa katika hali ya kubana umeme, na hali hiyo huishusha mwendo prosesa kila inapoona nafasi. Nenda kwenye paneli ya udhibiti, sehemu ya nishati, uchague utendaji wa juu. La pili ni vumbi. Wewe unaishi Dodoma, sina haja ya kukueleza upepo wa Agosti na Septemba unavyoingiza vumbi jekundu hadi kwenye kabati lililofungwa. Kompyuta iliyofanya kazi ofisini kwa miaka, kisha ikakaa dukani kando ya barabara, mara nyingi huwa na zulia la vumbi kati ya feni na mapezi ya kupoozea. Prosesa ikipata joto kupita kiasi hujipunguzia mwendo yenyewe ili isiungue, na dalili yake ni ya kipekee: gemu inaanza vizuri, kisha baada ya robo saa inaanza kukwama. Zima kompyuta, chomoa waya wa umeme, fungua mfuniko, shika feni kwa kidole isizunguke, na utoe vumbi kwa brashi laini kavu au kipulizio cha mkono. Usitumie kitambaa chenye maji, na usipulize kwa mdomo kwa sababu pumzi ina unyevu.

Kuna aina nyingine ya kukwama inayowasumbua hata wenye mashine zenye nguvu sana, nayo inahusu eneo gemu ilikotengenezewa. Namba ya mashine yako inaishia na 2, maana yake ni toleo la Ulaya, la mfumo wa PAL uliotumika katika televisheni zetu pia. Gemu za mfumo huo huonyesha picha 50 kwa sekunde, ilhali skrini ya kompyuta kwa kawaida hujichora upya mara 60. Ili 50 zijaze 60, kila picha ya tano lazima ionyeshwe mara mbili, na jicho makini huliona hilo kama mruko mdogo usiokoma, hasa kiwanja kinapotembea upande. Huo si udhaifu wa kompyuta na hautaisha kwa fedha. Tazama namba iliyo kwenye diski: SLES au SCES ni za Ulaya, SLUS au SCUS ni za Marekani na zinakwenda kwa 60. Kwa zile za Ulaya, jaribu kuiwekea skrini kipimo cha hezi 50 kama inakikubali, na televisheni nyingi hukikubali. Lisilofaa ni kuilazimisha gemu ya 50 iende kwa 60, kwa sababu itakimbia kwa asilimia 20 zaidi na muziki utakwenda mbio pamoja nayo.

Nije kwenye BIOS, ambayo ndiyo sehemu yenye maneno mengi ya mitaani. BIOS ya PlayStation ni programu ya kilobaiti 512 iliyomo ndani ya chipu kwenye mashine yenyewe. Ndiyo inayoamsha mashine, inayoonyesha nembo ya mwanzo, na inayotoa huduma ambazo gemu huziita kila mara, kama vile kusoma diski na kuandika kwenye kadi ya kumbukumbu. Emuleta huigiza vyuma, lakini BIOS si chuma. Ni programu iliyoandikwa na Sony na haki yake ni ya Sony. Kwa sababu hiyo watengenezaji wa DuckStation hawaiweki ndani ya emuleta yao, na ujumbe uliouona haukuwa kosa la usakinishaji. Faili alilokupa jirani linafanya kazi, lakini hujui limetoka wapi, ni la toleo gani, na kisheria si lako hata kama una mashine kabatini.

Una njia mbili safi. Ya kwanza ni kutoa BIOS kwenye mashine yako mwenyewe. Ingawa lenzi yake imekufa, hilo linawezekana: ipo njia iitwayo FreePSXBoot inayotumia kadi ya kumbukumbu iliyoandaliwa kwa namna maalumu, bila CD yoyote, na mashine ya namba yako bado ina tundu la seri la kupitishia data kwenda kwenye kompyuta. Lakini ni lazima upate kifaa cha kuandikia kadi hiyo pamoja na waya unaofaa, na kwa mtu anayetaka wanawe wacheze mwisho wa wiki, ninaona ni safari ndefu. Ya pili ni kutumia BIOS mbadala iliyoandikwa upya na watu wa kujitolea. Emuleta ya PCSX-Redux inakuja na yake iitwayo OpenBIOS, na ndani ya RetroArch, programu inayokusanya emuleta nyingi mahali pamoja, kuna emuleta iitwayo PCSX ReARMed ambayo huweza kuigiza huduma za BIOS bila faili la Sony. Sitakuficha kasoro zake: baadhi ya gemu hazifunguki, na nyingine husumbua wakati wa kuhifadhi mchezo kwenye kadi. Lakini nyingi hucheza. Ningekuwa mahali pako, ningeanza na njia hii ya pili, nijue ni diski gani zangu zinakubali, na ndipo niamue kama zilizobaki zinastahili taabu ya ile ya kwanza.

Gemu isiyo na muziki ina maelezo yanayopendeza, na nitakaa hapo kidogo kwa sababu kosa hili linafanywa na karibu kila anayeanza. CD ya PlayStation si lazima iwe na data peke yake. Waandishi wengi waliweka gemu kwenye wimbo wa kwanza wa diski, kisha wakaweka muziki kama nyimbo za kawaida za CD ya sauti, ambazo mashine ilizicheza moja kwa moja kutoka kwenye diski wakati mchezo unaendelea. Faili la ISO huchukua baiti 2,048 za data katika kila sekta, yaani kila kipande kidogo cha diski, na kuacha mengine, ilhali sekta nzima ya CD ni baiti 2,352, na nyimbo za sauti si data ya aina hiyo hata kidogo. Kwa hiyo programu ilinakili gemu na kuuacha muziki kwenye diski. Hakuna mpangilio wa emuleta utakaourudisha. Inabidi diski isomwe upya kwa programu kama ImgBurn, ukichagua muundo wa BIN na CUE. BIN ndiyo yenye sekta zote, na CUE ni faili dogo la maandishi linaloeleza kila wimbo unaanzia wapi. Katika emuleta unafungua CUE, na si BIN. Na ukibadilisha jina la BIN, fungua CUE kwa Notepad ubadilishe jina humo pia, la sivyo emuleta itatafuta faili ambalo halipo. Ukiishiwa nafasi, programu ya chdman inayotolewa pamoja na emuleta nyingine iitwayo MAME inaweza kubana BIN na CUE kuwa faili moja la CHD bila kupoteza chochote.

Kabla ya kunakili, geuza kila diski uangalie chini. Diski halisi za PlayStation ya kwanza zina upande wa chini mweusi. Zenye rangi ya fedha, kijani au samawati kwa kawaida ni nakala zilizochomwa mitaani, na wengi wetu ndizo tulizozijua. Hizo huzeeka vibaya, na baadhi zilipunguzwa muziki au video ili zitoshe au zichomwe haraka, kwa hiyo usishangae kama nakala nzuri ya diski mbovu inabaki kuwa mbovu. Futa vumbi kwa kitambaa laini kuanzia katikati kwenda ukingoni kwa mstari ulionyooka. Usizungushe, kwa sababu mkwaruzo unaofuata mzunguko hukishinda kisomeo cha CD kuliko unaoukata. Diski ikisumbua, punguza kasi ya kusoma. Na kama gemu halisi ya Ulaya inacheza kisha inaganda mahali palepale kila mara, huenda ina kinga dhidi ya kunakiliwa iitwayo LibCrypt, iliyofichwa katika sehemu ya diski ambayo BIN ya kawaida haiibebi. Gemu hizo huhitaji faili dogo la ziada la SBI, na DuckStation huwa inakuonya ikilikosa.

Flashi ya "gemu elfu moja" irudishe ilikotoka. Antivairasi wakati mwingine hukosea, lakini hapa hata bila antivairasi dalili ziko wazi. Nakala ya diski ya PlayStation hufunguliwa ndani ya emuleta na huishia na BIN, CUE, CHD, PBP au ISO. Ukiona kila gemu ni faili la EXE la megabaiti chache linalodai kujifungua lenyewe, hiyo ni programu ya Windows inayoomba ruhusa ya kuingia kwenye kompyuta yako, na pengine ya kuishi humo. Washa mpangilio wa Windows wa kuonyesha mwisho wa majina ya mafaili, ili jina kama "mpira.bin.exe" lisikudanganye. Emuleta zenyewe zipakue kutoka kwenye kurasa za watengenezaji wake tu. Tahadhari hii ina uzito zaidi kwako kwa sababu Microsoft ilikoma kutoa masasisho ya kawaida ya usalama ya Windows 10 bila malipo Oktoba 2025, na prosesa yako haimo katika orodha ya zinazokubaliwa na Windows 11. Kama kompyuta hiyo pia inatumika kwa benki au kazi za ofisi, fikiria kuweka Linux Mint, mfumo wa bure unaochukua nafasi ya Windows, ambako emuleta hizi zinafanya kazi vilevile.

Kuhusu pedi, mbili za USB zinatosha, na kila moja iunganishe na tundu lake ndani ya mipangilio, ya kwanza na ya pili. Gemu za miaka ya mwanzo ziliandikwa kabla ya pedi zenye vijiti, ambazo zilianza kutoka 1997, na baadhi haziitambui pedi iliyo katika hali ya vijiti. Mtoto akilalamika kwamba pedi "imekufa", badilisha aina ya pedi kuwa ya vitufe pekee kabla ya kuirudisha dukani. Wafundishe pia kuhifadhi mchezo kwenye kadi ya kumbukumbu ya emuleta, ambayo kama ile halisi ina nafasi 15 ndani ya kilobaiti 128. Ile njia ya haraka ya kugandisha mchezo popote ni tamu, lakini mgando huo unaweza kukataa kufunguka baada ya emuleta kusasishwa, na hapo kilio chake utakisikia wewe. Umeme nao ukikatika wakati kadi inaandikwa, data inaweza kuharibika, kwa hiyo weka nakala ya faili la kadi mahali pengine mara kwa mara.

Umeuliza kama haya ni halali. Emuleta yenyewe si wizi. Nchini Marekani suala hili lilifika mahakamani wakati Sony ilipoishtaki kampuni ya Connectix, iliyokuwa imetoa emuleta ya PlayStation mwaka 1999, na mwaka 2000 mahakama ya rufaa iliona kwamba Connectix ilikuwa na haki ya kuichunguza BIOS ili itengeneze programu yake. Uamuzi huo si sheria ya Tanzania, lakini unaonyesha mpaka ulipo: kuigiza mashine ni jambo moja, kusambaza programu ya mtu mwingine ni jingine. Hapa kwetu ipo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na programu za kompyuta zinalindwa nayo. Kucheza nyumbani na wanao kutokana na diski halisi ulizozinunua ni jambo ambalo mimi binafsi nisingepoteza usingizi juu yake. Kibanda cha mdogo wako ni habari tofauti kabisa. Kulipisha watu kwa kutumia nakala za gemu ni biashara juu ya mali ya wengine, na hoja ya kwamba "kila mtu anafanya" haitamsaidia siku ya kuulizwa. Mimi si mwanasheria, kwa hiyo kabla hajanunua hata benchi la wateja, aende Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, COSOTA, au kwa wakili, aeleze anachotaka kufanya na apewe jibu la kueleweka.

Yapo mambo ambayo hupaswi kuyafanya kwa kusoma maelezo yangu. Kompyuta ikijizima ghafla hata baada ya kusafishwa, ikitoa harufu ya kuungua, au diski kuu ikigongagonga, izime na uipeleke kwa fundi, ukamtaka aifungue mbele yako na apime kisambaza umeme kwa mita kabla ya kutaja bei. Pesti ya kupoozea iliyokauka juu ya prosesa nayo mwachie yeye, maana ni kazi ndogo kwa anayeijua. Na ile PlayStation yako usiifungue mwenyewe. Katika toleo la SCPH-7502 kisambaza umeme kimo ndani ya mashine, na kapasita zake zinaweza kubaki na chaji hata baada ya kuchomoa waya. Fundi wa elektroniki aliyezoea redio na televisheni anaweza kusafisha au kubadilisha sehemu ya lenzi. Muulize bei kwanza, kwa sababu ikipona, diski zako nyeusi zitacheza humo bila hitaji la BIOS yoyote.

Ukifanya mabadiliko ya picha na umeme na bado mkwaruzo upo, niandikie tena ukinitajia namba iliyo kwenye diski, asilimia ya mwendo ambayo emuleta inaonyesha kwenye kona ya skrini, na kama tatizo linaanza papo hapo au baada ya muda. Kwa hayo matatu nitajua kama tunatafuta joto, diski au saa.